Ushanga na Uso: Jinsi ya Kuitathmini Picha ya Sura ya Wanawake Waliovaa Mapambo ya Jadi

Picha ya sura humtambulisha mtu fulani, wala si watu kwa jumla. Mpigapicha anaweza kuonyesha uso mzima au upande mmoja, mtu mmoja au watatu, ndani ya studio au uwanjani. Lililo la lazima ni kwamba mtazamaji amwone mtu mwenye umri wake, hadhi yake na mwenendo wake. Kazi hiyo huwa ngumu zaidi pale mwanamke anapokuwa amevaa mapambo ya watu wake. Rangi na mng'ao huvuta jicho upesi, na uso hugeuka kuwa kitu cha kutundikia shanga. Picha nyingi za wanawake wa Kimaasai, Kisamburu, Kirendille, Kipokot na Kiturkana zinazosifiwa katika mashindano, kalenda na vitabu vya bei kubwa zina kasoro hiyo, na majaji aghalabu hawaioni kwa sababu nao wamekwisha kuvutwa na rangi.

Makala haya yanashikilia kwamba mapambo katika picha ya sura ni kauli ya aliyeyavaa, na kwamba picha ipimwe kwa namna inavyoipokea kauli hiyo. Anayeivaa seti ya shanga huko Samburu au Monduli anatangaza mambo yanayomhusu yeye: kama ameolewa, kama amezaa, kama ana mtoto aliyetahiriwa, ni wa upande gani wa jamii yake. Jaji asiyejua kwamba kuna jambo linalosemwa hawezi kujua kama mpigapicha amelisikia. Ubora wa kiufundi nao, ambao kwa kawaida hutajwa kwanza, hauwezi kupimwa kando ya swali hilo, kwa kuwa pembe ya kamera, ukubwa wa fremu na mahali pa kulenga lenzi huwa sahihi au makosa kutegemea kinachotakiwa kuonekana.

Mfano ulio wazi ni wa Warendille wa kaskazini mwa Kenya. Mwanamke wa Kirendille aliyejifungua mtoto wa kwanza wa kiume huvaa doko, kishungi cha nywele kilichoshikizwa kwa udongo na mafuta, kinachosimama juu ya kichwa kama upanga wa jogoo kuanzia kipajini kwenda nyuma. Hukaa nacho hadi mtoto huyo atakapotahiriwa, au hadi afiwe na ndugu wa karibu wa kiume, ndipo hunyolewa. Doko, basi, ni habari ya mama na mwanawe, na ina mwanzo na mwisho. Mpigapicha anayemsimamisha mama huyo amkabili moja kwa moja na kuikata fremu juu kidogo ya nyusi, kama ilivyo desturi ya picha za sura za magazeti ya mitindo, ameondoa habari hiyo yote na kubakiza shingo yenye shanga. Akimgeuza robo tu, kishungi hujitokeza kwa umbo lake na macho bado yanaonekana. Hapo pembe ya kamera haiwi suala la ladha.

Kwa Wamaasai, mapambo ya masikio ndiyo yenye uzito. Surutia, vipuli vya shaba vilivyosokotwa mviringo, ni alama ya mwanamke aliyeolewa, na ndizo ambazo jicho la Mmaasai hutafuta kwanza linapomtazama mwanamke asiyemfahamu. Bamba pana la ushanga shingoni, ambalo kwa wageni ndilo Umaasai wenyewe, huvaliwa pia na wasichana ambao hawajaolewa. Wapigapicha wa leo hupenda lenzi ndefu iliyofunguliwa wazi kabisa ili mandharinyuma yayeyuke, na wengi hulenga jicho lililo karibu na kamera. Kwa lenzi ya milimita 85 iliyofunguliwa hadi f/1.4, kutoka umbali wa mita moja na nusu, eneo lililo wazi ni la sentimita chache tu: kope huonekana moja moja, lakini sikio limekwisha kuwa ukungu. Mtindo unaohesabiwa kuwa alama ya ustadi huifuta alama ya ndoa, na bamba la shingoni, kwa kuwa ni kubwa, hubaki limetambulika japo nalo limefifia. Mpigapicha anayejua anachokiona huifunga lenzi hadi f/5.6 au f/8, kisha hutafuta njia nyingine ya kutuliza mandharinyuma.

Wapokot wana utaratibu wao. Bamba la msichana hutengenezwa kwa vipande vya mabua vilivyopakwa mafuta na udongo mwekundu, na akishaolewa huvaa shanga za kioo. Picha iliyong'arishwa kwenye kompyuta hadi udongo ule ukawaka kama kioo huchanganya hatua mbili za maisha. Waturkana nao hutofautisha mwanamke aliyeolewa kwa pete ya chuma shingoni, ambayo hufichwa kwa urahisi na lundo la shanga linalopanda hadi kidevuni ikiwa mwanga unatoka juu peke yake.

Chanzo cha tabia ya kuitazama sura kama mfano wa kabila hakina budi kuelezwa, maana majaji wengi wameirithi bila kujua. Mwaka 1906, nchi ya kusini mwa Tanganyika ikiwa bado katika majeraha ya vita vya Maji Maji, Karl Weule wa jumba la makumbusho la Leipzig alizunguka Masasi, Newala na uwanda wa Wamakonde akiwa na kamera na santuri ya kunasia sauti. Picha zake za wanawake wenye ndonya mdomoni na chale usoni, zilizosambaa kupitia kitabu alichokitoa mwaka 1908, ni ushahidi wenye thamani kubwa kwa historia ya Wamakonde. Kama picha za sura, ni dhaifu. Mwanamke amewekwa ili ndonya ionekane; jina halipo; uso hauna la kusema kwa aliyeshika kamera, jambo lisiloshangaza ikiwa mtu anakumbuka ni nani walikuwa wakipita katika vijiji hivyo mwaka huo na kwa sababu gani.

Picha ya Nobosodru ni kesi ngumu zaidi, na kwa hiyo inafunza zaidi. Nobosodru alikuwa mmoja wa wake wa chifu Ekibondo wa Wamangbetu, kaskazini mashariki mwa Kongo. George Specht alimpiga picha wakati wa msafara wa magari ya Citroën uliolivuka bara la Afrika katika miaka ya 1924 na 1925. Anaonekana upande mmoja wa uso, kichwa kikiwa kirefu kwa kufungwa tangu utotoni, nywele zikifunguka kisogoni kama tarumbeta. Mtindo huo wa nywele ulibuniwa ili uonekane ubavuni, kwa hiyo pembe aliyoichagua Specht ndiyo ileile ambayo Wamangbetu wenyewe wangeichagua. Mwanga umefuata mstari wa kipaji hadi ncha ya nywele bila kukatika. Kwa kila kipimo cha umbo, ni picha bora. Lakini ilisafiri duniani kama mwanamke wa Kimangbetu tu. Mwaka 1927 Aaron Douglas, mchoraji Mweusi wa New York, aliitumia kama msingi wa jalada la jarida la Opportunity, na kwa Wamarekani Weusi wa wakati huo umbo lile likawa ishara ya fahari ya asili yao. Fahari hiyo haikuwa bandia. Hata hivyo Nobosodru mwenyewe alikuwa amekwisha kutoweka ndani ya umbo lake. Tathmini ya haki huyasema yote mawili kwa pamoja: mpigapicha aliipokea kauli ya nywele, na waliosambaza picha walimpokonya aliyeitoa.

Kutoka kwenye picha za aina hiyo kulizaliwa lugha ya kuaga. Casimir Zagourski, Mpolandi aliyekuwa na studio mjini Léopoldville tangu miaka ya 1920, aliziuza kadi zake za picha kwa jina la Afrika inayotoweka. Mwaka 1971 Mirella Ricciardi, mzaliwa wa Kenya, alichapisha Vanishing Africa, kitabu chenye jina la maana hiyohiyo. Mwaka 2013 Jimmy Nelson, kwa kamera kubwa ya sahani, alitoa Before They Pass Away, na Wamaasai wakiwemo miongoni mwa watu waliotajwa kuwa karibu kupita. Miaka karibu 90 imetenganisha kazi ya kwanza na ya mwisho, na wanaodaiwa kutoweka bado wapo, wanapiga kura, wanashtaki mahakamani kuhusu ardhi yao na kuuza ng'ombe mnadani. Shirika la Survival International lilimkosoa Nelson hadharani mwaka 2014 kwa sababu hiyo: picha zake huwafanya watu waonekane wanakufa wenyewe kama majani ya kiangazi, ilhali wanaotishiwa wanatishiwa na wengine kwa majina yanayofahamika.

Lugha ya kuaga ina athari ya moja kwa moja katika utunzi wa picha, nayo ni usafishaji. Edward Curtis, aliyechapisha juzuu 20 kuhusu Wahindi Wekundu wa Marekani ya Kaskazini kati ya 1907 na 1930, aliifuta saa iliyokuwa katikati ya watu wawili wa kabila la Wapiegan waliokaa ndani ya hema lao, ili mtazamaji asijue kwamba Wapiegan walikuwa na saa. Katika Afrika ya Mashariki vitu vinavyoondolewa leo ni saa ya mkononi, viatu vya plastiki, blauzi iliyovaliwa chini ya shuka, na simu ambayo mara nyingi hukaa ndani ya kifuko cha ushanga kilichoshonwa na mwenye simu. Kifuko hicho ni pambo kamili la Kimaasai la karne hii. Mpigapicha anayeomba kiwekwe kando amelikataa pambo lililo hai kwa ajili ya pambo analolifikiria.

Na ushanga wenyewe una historia ambayo majaji wanaosifu uasilia wangefaa kuijua. Punje za kioo zilitoka Venice, baadaye Bohemia, zikashushwa Zanzibar na kupandishwa bara na misafara kutoka Bagamoyo, Pangani na Mombasa. Wafanyabiashara wa pwani walizijua kwa majina, nyekundu iliyopendwa sana ikiitwa samesame, na walijua kwamba rangi inayokubalika mahali pamoja hukataliwa siku tatu mbele. Mwaka 1883 Joseph Thomson, akielekea nchi ya Wamaasai, alilazimika kusimama Taveta ili watu wake watunge upya maelfu ya nyuzi, kwa kuwa Wamaasai hawakupokea ushanga usiotungwa kwa urefu wautakao. Picha zilizomo katika kitabu cha A. C. Hollis cha mwaka 1905 kuhusu Wamaasai zinaonyesha wanawake wa Kimaasai waliozungushiwa waya wa chuma mikononi, miguuni na shingoni kwa wingi ambao leo hauonekani. Bamba pana la rangi nyingi lilikuja kutawala baadaye. Kwa hiyo jaji anayeandika kwamba picha fulani imehifadhi uasilia hajasema jambo linaloweza kuthibitishwa. Angesema kweli zaidi kama angeuliza vitu vilivyovaliwa ni vya nani, na vilivaliwa kwa shughuli gani.

Baada ya hayo ndipo mwanga unapoweza kujadiliwa kwa manufaa. Ngozi nyeusi, shanga nyeupe na mabati madogo yanayoning'inia huleta tofauti kubwa ya mwanga ndani ya fremu moja. Kipimamwanga cha kamera hukadiria kwamba kila kilicho mbele yake kina wastani wa kijivu. Uso ukijaza fremu, kamera huzidisha mwanga, ngozi ikapauka na shanga nyeupe zikaungua. Bamba jeupe likijaza fremu, kamera hupunguza mwanga na macho yakazama. Tatizo hili halikutokana na ngozi. Kwa miongo mingi filamu za rangi za Kodak zilisawazishwa kwa kadi za picha ya mwanamke Mzungu, zilizojulikana kama kadi za Shirley, na desturi zilizojengwa juu ya filamu hizo zilihamia katika vyumba vya kusafishia picha na kwenye macho ya waliofundishwa humo. Jaji anapaswa kuangalia kama weusi wa shavu una madaraja yake, kutoka mfupa wa shavu hadi chini ya taya, au umekuwa bapa moja. Kama ni bapa, wekundu wa shuka hauwezi kuiokoa picha.

Nyekundu yenyewe ni mtego. Udongo mwekundu, shuka na shanga za samesame hujaa katika kamera ya dijitali kabla ya rangi nyingine, na mpigapicha akiongeza kina cha rangi baadaye, mipaka ya punje huyeyuka. Jaribio rahisi ni kuisogelea picha na kutazama kama uzi wa ushanga bado una punje zinazohesabika, na kama mahali rangi moja inapokatwa na nyingine pako wazi. Miongoni mwa Wamaasai, mpangilio wa rangi hutofautiana kati ya sehemu na sehemu, na kwa anayeusoma, mkato huo ni sawa na lafudhi. Doa jekundu lenye kung'aa halina lafudhi.

Saa ya mchana, karibu na Ikweta, jua likiwa utosini, kichwa kilichonyolewa hung'aa na matundu ya macho hujaa giza. Wengi hukimbilia karatasi ya kurudishia mwanga. Lakini mtu akitazama kwa makini atagundua kwamba bamba la ushanga mweupe, kwa jinsi linavyolala likiinamia nje, hufanya kazi hiyo lenyewe: hurusha mwanga laini chini ya kidevu na kwenye midomo, na mwanamke akiinua uso kidogo mwanga huo hufika hadi kwenye kope za chini. Wanawake wanaojipamba kwa ngoma ya mchana hawakuhitaji kuambiwa hivyo na mtu wa kamera. Picha zilizopigwa mlangoni mwa nyumba ya Kimaasai hutumia njia nyingine nzuri, yaani giza la ndani nyuma na uwanja mweupe mbele, na macho hupata nuru yake bila hila. Picha zilizofurikwa na mwanga wa taa za studio zilizobebwa hadi mbugani, anga likiwa limetiwa giza nyuma kama dhoruba, kwa kawaida husifiwa kwa ujasiri wake. Sifa hiyo ipunguzwe. Mwanga wa namna ile humtenga mwanamke na mahali anaposimama, na mahali pale ni pake.

Suala la kupanga mkao limeleta mabishano yasiyo ya lazima. Wapo wanaodai kwamba picha iliyopangwa au kulipiwa imekwisha kupoteza ukweli. Kanuni za Chama cha Upigaji Picha cha Marekani, PSA, kwa kundi la picha za safari huzikataa picha za shughuli zilizoandaliwa kwa ajili ya kamera na za watu waliokodiwa au kuelekezwa. Kanuni hiyo inafaa kwa kundi lake. Ikihamishiwa kwenye picha ya sura huleta upotovu, kwa sababu anayepigwa picha ya sura siku zote hujipanga. Historia ya studio inatosha kuwa ushahidi. Huko Bamako, Seydou Keïta, aliyefungua studio mwaka 1948, aliwapiga picha wanawake waliokuja na vipuli vya dhahabu, misuko yenye sarafu na mavazi waliyoyachagua wenyewe. Redio na saa vilikuwapo kwa anayetaka. Kila kitu kilipangwa, na hakuna picha za sura zenye nguvu kuliko hizo katika Afrika ya karne ya 20. Zanzibar nayo ilikuwa na studio tangu karne ya 19, na ndani ya studio hizohizo picha za aina mbili zilitengenezwa: za familia zilizolipia picha zao, na za kadi zilizouzwa kwa abiria wa meli, ambamo mwanamke mwenye majasi masikioni na kipini puani aliwekwa kama bidhaa ya mji. Taa na pazia vilikuwa vilevile. Kilichotofautiana ni nani aliyemwagiza mpigapicha, na tofauti hiyo huonekana mabegani na mikononi kwa yeyote anayetazama kwa utulivu.

Malipo nayo yanahitaji kusomwa, kuliko kulaaniwa. David Turton, mwanaanthropolojia aliyeishi kwa vipindi vingi na Wamursi wa bonde la Omo nchini Ethiopia, ameeleza jinsi wanawake wenye sahani mdomoni walivyokuja kulipwa na watalii kwa kila picha, na jinsi mkutano huo ulivyojaa uchungu pande zote mbili. Kwa kuwa mgeni humlipa anayemvutia zaidi, mapambo yaliongezwa: pembe za ng'ombe, vikapu na vyuma vilivyobandikwa kichwani, ambavyo havikuwa na nafasi hiyo katika maisha ya Wamursi. Picha hizo hushinda tuzo kama ushahidi wa mila za kale. Kwa hakika ni kumbukumbu ya soko la picha, na kama mpigapicha angeliandika hivyo chini ya picha, na fremu ikaonyesha magari ya watalii yaliyosimama pembeni, kazi hiyo ingeweza kuwa ya kweli na yenye kuumiza. Kosa liko katika kulificha soko.

Wanapokuwa wanawake wawili au zaidi, uhusiano wao huwa sehemu ya sura. Makundi ya kaskazini mwa Kenya na Tanzania yana heshima ya rika, na mahali mtu anapokaa hapachaguliwi ovyo. Mara kwa mara mpigapicha humvuta mbele msichana mwenye shingo ndefu na bamba jipya, kisha humtia mama mwenye surutia nyuma yake kama kivuli. Utunzi huo unaweza kuwa na pembetatu nzuri na mizani ya rangi, na bado ukawa umepindua mpangilio wa nyumba. Dalili ya kuaminika ni macho ya mama: akiwa nyuma kwa amri, aghalabu huangalia pembeni au humwangalia mpigapicha kwa subira ya anayengoja jambo liishe. Kwa upande mwingine, picha ya wanawake wanaorekebishiana uzi wa ushanga, mikono ya mmoja ikiwa shingoni mwa mwingine, hukubali wote wawili kwa usawa, na hueleza jambo ambalo picha ya mtu mmoja haiwezi, kwamba kujipamba ni kazi ya pamoja. Mikono inastahili uzito mkubwa katika tathmini. Iliyotunga ushanga kwa miaka ina alama zake, na mpigapicha anayeiacha nje ya fremu amemwacha fundi nje ya kazi yake.

Maelezo ya picha huja mwisho wa utaratibu lakini yanaweza kubadilisha uamuzi wote. Jina, mahali, mwaka na tukio ni kiwango cha chini kabisa. Picha maarufu ya Sharbat Gula, iliyopigwa na Steve McCurry mwaka 1984 katika kambi ya wakimbizi wa Afghanistan huko Pakistan, ilizunguka dunia kwa miaka 17 bila jina lake, hadi alipotafutwa na kutambuliwa mwaka 2002. Mwaka 2018 jarida lenyewe lililoichapisha, National Geographic, lilimwita mwanahistoria John Edwin Mason kuchunguza kumbukumbu zake, na mhariri wake akakiri hadharani kwamba kwa miongo kadhaa lilikuwa limewaonyesha watu wa mabara mengine kwa ubaguzi. Kwa mapambo yanayozungumza, maelezo yana kazi ya ziada: yaseme kinachovaliwa kinaitwaje na wenye kukivaa, na kama kilivaliwa kwa ajili ya sherehe, soko au kamera. Sentensi mbili zinatosha. Pale mwanamke anapopendelea jina lisitajwe, hilo liandikwe pia, kwa kuwa kukataa ni sehemu ya sura yake. Pwani ya Waswahili, ambako wanawake wengi wamechagua picha zao zisitoke nje ya nyumba, hilo linaeleweka bila ufafanuzi.

Ipo hoja ya kupinga, kwamba picha ijitegemee na jaji asihitaji elimu ya makabila. Hoja hiyo husahau kwamba hakuna jaji asiyetumia elimu. Akionyeshwa bibi harusi mwenye shela au askari mwenye nishani kifuani, huzisoma alama hizo bila kufikiri na huzitegemea katika kuamua kama mkao unafaa. Anachotakiwa kufanya kwa mwanamke wa Kirendille ni kilekile. Wala haifuati kwamba picha itageuka mtihani wa ethnografia. Tepilit Ole Saitoti, Mmaasai wa Tanzania aliyeandika maelezo ya kitabu cha Maasai alichokitoa pamoja na mpigapicha Carol Beckwith mwaka 1980, alionyesha jinsi ujuzi wa ndani unavyoweza kusimama kando ya picha nzuri bila kuzifukuza. Picha iliyo sahihi kwa kila pambo lakini yenye uso uliokufa imeshindwa kuwa picha ya sura, kama zilivyoshindwa za Weule.

Kuna aina moja ya picha ambayo haiwezi kuamuliwa kwa vigezo vya uzuri hata kidogo. Miongoni mwa Wasamburu, msichana mdogo anaweza kupewa shanga nyingi na moran wa ukoo wake, na shanga hizo huashiria uhusiano ambao hauwezi kuishia katika ndoa, kwa kuwa wawili hao ni wa ukoo mmoja. Wanawake wa Kisamburu wenyewe wamekuwa mstari wa mbele kuupinga utaratibu huo, wakieleza madhara yake kwa afya na masomo ya watoto, na sheria za Kenya zinamlinda mtoto dhidi yake. Lundo la shanga nyekundu linalofika kidevuni mwa msichana wa miaka kumi na kidogo ndilo hasa linalowapendeza majaji kwa uzito wa rangi yake. Asiyelisoma hutoa medali. Anayelisoma huiondoa picha katika ushindani, humuuliza mpigapicha alichokijua na ruhusa aliyoipata na kwa nani, na kama uso unatambulika huzuia isichapishwe. Ili kamati iweze kufanya hivyo, lazima kikao chake kiwe na angalau mtu mmoja aliyekulia miongoni mwa wanaovaa mapambo hayo, mwenye kura kamili na haki ya kusimamisha uamuzi, na awepo tangu mchujo wa kwanza, kabla picha hazijaanza kupewa alama.